Ramlo Mchora Hina na Filamu za Ngumi

Ramlo alipofungua chumba chake cha hina nyuma ya Soko Mugdi, shida yake haikuwa wateja. Wateja walikuwapo. Garissa haikosi harusi, na pasipo harusi kuna Idi, na pasipo Idi kuna mwanamke ambaye mume wake anarudi kutoka safari. Shida ilikuwa kuwakalisha. Hina ikishachorwa inataka mtu atulie, mikono wazi, asishike kitu, mpaka ikauke na rangi iingie kwenye ngozi. Na wanawake wa mji wetu hawajazoea kukaa bure. Mmoja anakumbuka nyama aliyoiacha jikoni, mwingine simu inalia ndani ya mkoba naye anajaribu kuitoa kwa viwiko, na yule wa pembeni anabishana na jirani yake juu ya nani alimwambia nani nini, kila neno akilisindikiza kwa mkono. Wakibandua mapema, rangi inatoka hafifu kama chai ya majani yaliyochemshwa mara ya pili, kisha wanakwenda kusema mjini kwamba hina ya Ramlo haishiki.

Mimi ni mteja wake wa siku nyingi. Nafundisha shule moja hapa mjini, na likizo ikiingia kwake ndiko ninakokwenda kujisikia mtu tena. Haya ninayoyasema mengi niliyaona, mengine alinisimulia mwenyewe akinichora, maana Ramlo akishika koni ya hina mdomo wake haupumziki.

Alizaliwa Hadado, upande wa Wajir, katika nyumba ya wafugaji wa ngamia. Kuchora alifundishwa na habaryar yake, yaani dada mdogo wa mama yake, ambaye alikuwa akiwapamba maharusi wa Griftu. Garissa alikuja kwa sababu ya Abdikarim, dalali wa mifugo, mtu mpole ambaye sauti yake imekuwa kubwa kwa kupigana na mlio wa mbuzi sokoni, hata akikuuliza hali ya watoto unadhani anakugombeza. Ramlo ni mnene, mcheshi, mkono wake mwepesi. Hachori kwa kunakili picha za kwenye simu kama wengine. Anakuuliza jina lako, anakutazama kidogo, halafu jani linaanza kupanda kutoka kidoleni kuelekea kwenye kiwiko kana kwamba lilikuwa ndani ya mkono wako likingoja kuitwa.

Ila ni mwoga wa damu. Mbuzi wa Idi akichinjwa, Ramlo huwa ameshapata shughuli ya ghafla kwa jirani, naye harudi mpaka nyama iwe kwenye sufuria na haifanani tena na mnyama.

Runinga aliileta Abdikarim. Alikuwa ameinunua kwa mtu mwenye hoteli ndogo aliyefunga biashara yake hapa akahamia Mandera. Nia ya Abdikarim ilikuwa kuiweka sebuleni aone mpira. Ramlo akaitazama, akaona upana wake, akasema hicho ndicho kitu kitakachowakalisha wateja wake, na mpira Abdikarim akaendelea kuuona kwa marafiki zake.

Mwanzoni aliwawekea tamthilia za Kituruki, zile ambazo msichana analia kipindi kizima akisubiri aambiwe neno ambalo sisi watazamaji tumelijua tangu juzi. Hazikusaidia kitu. Kila mmoja alikuwa na lake la kumshauri yule msichana, na walivyokuwa wakimshauri ndivyo walivyoharibu hina. Kuna mama mmoja alisimama kabisa akaenda mpaka kwenye kioo cha runinga kumwonyesha mwenzake ni nani hasa mwenye kosa, akaacha alama ya kidole chekundu usoni pa yule bwana. Ilichukua muda kutoka.

Kisha ukaja upepo mkali, dishi likang'oka kwenye paa likaangukia ua wa jirani. Fundi alilishika, akaligeuza, akasema kipuri chake lazima kiagizwe Nairobi. Siku hiyo chumba kilikuwa kimejaa. Ramlo alibaki anabonyeza rimoti huku na huku kwa matumaini tu, mara runinga ikaonyesha picha ndogondogo zimejipanga. Nyuma yake kulikuwa kumechomekwa flashi ambayo yule mwenye hoteli aliisahau, imejaa filamu alizokuwa akiwawekea wanaume wanywaji chai. Ramlo hakujua ni za nini. Alibonyeza ya kwanza akarudi kwenye mguu aliokuwa akiuchora.

Mtu mfupi aliyevaa nguo za kijivu aliingia ndani ya ghala. Aliulizwa swali kwa lugha ambayo hakuna hata mmoja wetu aliyeijua. Akajibu kwa teke.

Chumba kilinyamaza. Ramlo alidhani stima imepotea. Alipoinua kichwa aliona wanawake wamenyoosha mikono mbele kama watu wanaoota moto, macho hayapepesi. Simu zililia mpaka zikachoka zenyewe. Aliyeacha nyama jikoni aliisahau kabisa, na baadaye tulisikia mume wake alikula mkate. Yule mtu mfupi alipiga ghala zima, akatoka, akapanda pikipiki, akapiga na waliokuwa njiani. Filamu ilipofika mwisho, hina ilikuwa imekauka kama udongo wa kiangazi, na walipoibandua rangi ilitoka nyekundu ya kukolea ambayo Ramlo alikuwa hajapata kuitoa tangu afungue. Mpaka leo anaamini ni kwa sababu damu yao ilichemka. Hina inapenda joto, ndiyo maana huwa tunaikaushia juu ya moshi wa uunsi, ule ubani wetu wa nyumbani, lakini anasema hakuna uunsi unaomshinda mtu anayetazama mwenzake akipigwa.

Habari zilienea. Wateja wakaanza kuuliza leo kuna picha gani kabla hata ya kuuliza bei. Abdikarim akawa anatumwa mjini kutafuta filamu nyingine, na kwa kuwa sauti yake ni ile ile, soko zima lilijua mke wake amezimaliza zile za mapanga na sasa anataka za bunduki.

Ramlo mwenyewe hakuzitazama. Alikigeuza kiti chake akawa anachora akiipa runinga mgongo, na filamu akaifuata kwa nyuso zetu. Nyusi zikipanda, kuna mtu kajificha nyuma ya mlango. Midomo ikikunjwa, mtu anapigwa ambaye hakustahili. Tukitabasamu sote, basi yule mbaya amepatikana. Alikuwa akitutazama hivyo, koni mkononi, na kitu kimoja kilimsumbua. Hawa walikuwa wanawake wema. Wapo waliofundisha watoto Kurani, wapo waliouguza wagonjwa wa watu baki. Walikuja kwake na sambusa kwenye sahani iliyofunikwa. Iweje wakae hapo kwa utulivu namna hiyo, tena kwa raha, mtu anapotupwa kutoka ghorofani?

Akaanza kutuuliza, mmoja mmoja.

Wa kwanza alikuwa Ikran, msichana anayefanya kazi katika ofisi moja ya serikali, dirisha la mbele, pale ambapo hasira za watu wote hufikia. Ikran hakufikiria hata kidogo.

"Abaayo, dada yangu, mimi tangu asubuhi mpaka jioni kazi yangu ni kusema sawa," alimwambia. "Mkubwa anakosea, nasema sawa. Mzee ananitukana dirishani kwa kosa la mtu mwingine, nasema sawa. Huyu kwenye runinga tangu aanze hajasema sawa hata mara moja."

Mimi nilijibu kimwalimu. Nilisema mtu hupenda kuogopa akiwa mahali pa salama, moyo unakimbia na miguu imetulia, ni kama mtoto anayerushwa juu na baba yake. Ramlo aliniuliza kama yule anayerushwa kutoka ghorofani naye ana baba chini anayemdaka.

Aliyemjibu kwa urefu ni Fatumo. Huyu ni mama mtu mzima, mjane, anakaa Bulla Iftin, na alikuwa na desturi ya kuwasindikiza mabinti wa ndugu zake kila walipokwenda kuchorwa. Yeye mwenyewe hakuchorwa. Alikuja kulinda, alisema. Lakini kiti alichokichagua kulinda kilikuwa kile cha mbele kabisa, na kazi yake ilikuwa kusema astaghfirullahi kila pigo linapotua, kisha kuomba sauti iongezwe. Alisema alizipenda filamu hizi kuliko za Kituruki kwa sababu mtu mbaya anajulikana mara tu anapoingia. Ana kovu, anacheka peke yake, hata taa zinafifia. Katika maisha yake yeye, alisema, watu wote waliomdhulumu walikuja na sukari mkononi na kumwita dada, na hakuna aliyemfifishia taa.

Ramlo alizisikiliza sababu zote hizi na hazikumtosha, kwa kuwa alikuwa na jambo lake ambalo hakuwa amelisema kwa mtu pale chumbani.

Alikuwa bado msichana mdogo, kiangazi, foleni ya ngamia kisimani Hadado ni ndefu na watu wamechoka. Kaka yake Hamse na mfugaji mwingine walibishania zamu. Yule mwenzake akainua fimbo akampiga Hamse mkononi, mara moja tu. Ramlo alikuwa karibu, ameshika kamba ya ngamia. Kilichobaki kichwani mwake si damu, kwa sababu haikuwapo. Ni ule mlio. Ulikuwa mdogo, mkavu, kama kijiti kinachovunjwa kuwashia moto wa chai. Hamse hakuruka wala hakupiga kelele. Alikaa chini taratibu, kama mtu aliyeambiwa akae, na ngamia wakaendelea kunywa. Wazee walikutana, mambo yakaisha kwa njia ya wazee, mkono ukapona ukiwa umepinda. Lakini Ramlo tangu siku hiyo hawezi kuona mtu akiinua mkono, hata kwenye picha. Anangoja ule mlio.

Basi siku moja akampigia simu Hamse. Alikuwa ameshaamua kwamba filamu hizi azitupe, arudishe Waturuki, na hina ikitoka hafifu basi itoke. Alitaka tu mtu wa kumwambia amefanya vyema, na nani angefaa kuliko yule aliyevunjwa mkono? Alimweleza yote, jinsi chumba kilivyogeuka, jinsi wamama wanavyokodoa macho. Upande wa pili Hamse alisikika kwa mikwaruzo, Ramlo akadhani mtandao unakatika. Kumbe alikuwa anajizuia kucheka.

Ilibainika kwamba kila siku ya soko Griftu, Hamse akishauza mnyama wake, kabla ya sukari na kabla ya majani ya chai, huingia katika chumba kimoja cha video akakaa mpaka filamu iishe. Miaka yote hiyo. Na za mapenzi hazitaki kabisa.

"Wewe, Hamse?" Ramlo alimwuliza. "Wewe uliyevunjwa mkono mbele yangu?"

"Mimi nilipigwa mara moja nikakaa chini," Hamse alisema. "Sikusema kitu, sikufanya kitu, nilikaa tu. Kule Griftu jamaa anapigwa, anaanguka, anasimama. Anapigwa tena, anasimama tena. Sendi kumwona akipiga, Ramlo. Naenda kumwona akisimama."

Halafu akamwuliza ana filamu gani, na kama anaweza kumtumia chache kwenye simu.

Ramlo alikata akiwa na hasira nusu, na nusu nyingine hakujua ni nini. Hakuzitupa zile filamu. Lakini kiti chake kilibaki vilevile, mgongo kwa runinga.

Ndipo ikaja harusi ya Idman.

Idman ni binti wa kaka yake Fatumo, kwa hiyo Fatumo kwake ni eeddo, shangazi. Alikuwa ametoka kumaliza chuo cha ualimu. Anaolewa na Guleid, kijana mwenye duka la vipuri, na nisije nikaeleweka vibaya: alimtaka mwenyewe, alimsubiri mwenyewe, na akitajiwa jina lake alikuwa akitazama chini ili watu wasione anavyofurahi. Aliletwa kwa Ramlo mchana, siku moja kabla ya harusi, akiwa na eeddo yake na rafiki zake wawili. Nami nilikuwapo, mguu mmoja umechorwa, mwingine unangoja.

Ni kazi kubwa kumchora bibi harusi. Mikono mpaka juu ya viwiko, miguu mpaka karibu na magoti. Ramlo alimchora kwa saa nyingi, naye Idman alikaa kimya akitabasamu. Kila aliyeingia alikuwa na neno. Inua shingo. Usile sana leo. Kesho usicheke meno yote yakaonekana, lakini usinune, watasema hakutaka. Rafiki zake walimpiga picha kutoka kila upande, na Fatumo alimrekebisha mtandio kila baada ya kitambo, hata pale ambapo mtandio haukuwa umefanya kosa lolote. Idman alisema ndiyo eeddo, ndiyo eeddo, kwa sauti tamu ile ile.

Mikono ilipokwisha akawekewa mito miwili mapajani, viganja vikitazama juu. Kwenye kiganja cha kulia Ramlo alikuwa ameweka ua moja kubwa la majani membamba, na nasema kweli, sijaona ua kama lile. Zamu ya miguu ikafika. Fatumo akasema bibi harusi achangamshwe kidogo, awekewe picha, ile mpya.

Ile mpya ilikuwa ya mwanamke mpishi. Yuko jikoni mwa hoteli kubwa, anakoroga supu, mara wanaingia wanaume wenye suti nyeusi kumtafuta. Sababu hatukuijua kwa kuwa maneno hatukuyaelewa, lakini taa zilififia na mmoja wao alikuwa na kovu, Fatumo akatuthibitishia. Yule mpishi hakuwa na silaha ila upawa wa supu. Akaanza nao. Alikuwa mwepesi, anapita chini ya meza, anatokea huku. Sauti ikaongezwa. Kisha mwanaume mmoja akamjia kwa nyuma, akamkamata msuko wa nywele, akamvuta kichwa mpaka shingo ikapinda.

Ramlo, ambaye alikuwa ameinamia mguu wa Idman, anasema alihisi mguu wote umekuwa mgumu kama ubao. Alitazama juu. Bibi harusi alikuwa amekunja ngumi. Mkono wa kulia, ngumi kamili, dole gumba limefunika vidole, na hina mbichi inatoka katikati ya vidole vile taratibu kama tope.

Fatumo aliiona naye. Akainyakua rimoti, akazima runinga, akageuka kutukabili. Alisema kwamba tangu siku ya kwanza alijua picha hizi zingeleta balaa. Alisema zinaingiza vita ndani ya nyumba za watu. Alisema yeye hajawahi kuziona zina maana yoyote. Sisi tuliokuwapo tulitazama mkeka kwa bidii. Ramlo alikuwa tayari na kitambaa na maji ya ndimu, anaomba radhi, anafungua vidole vya Idman kimoja kimoja. Ua halikuwapo. Palikuwa na doa kubwa lisilo na umbo, na lilikuwa limekaa kwa muda wa kutosha kushika. Kufutika lisingefutika. Na huo ndio mkono ambao kesho ungeshikwa na kila mgeni.

Mabega ya Idman yakaanza kutikisika. Tulidhani analia, rafiki zake wakamkimbilia. Alikuwa anacheka. Machozi yalikuwapo pia, lakini cheko ndilo lililotangulia.

"Eeddo, washa," alisema. "Nataka kujua kama alitoka."

Fatumo alimwambia mkono wake umeharibika na yeye anauliza habari za mpishi.

"Eeddo, wiki hii yote nageuzwa kama nguo mbele ya fundi," Idman alisema. Hakuwa amekasirika, alikuwa kama mtu anayejishangaa mwenyewe. "Simama, geuka, inama. Guleid namtaka. Harusi naitaka. Na nyote mnanipenda, najua. Lakini yule alipovutwa nywele, mkono wangu ulikwenda wenyewe. Sikuutuma."

Fatumo alisimama na rimoti yake. Tulingoja mvua ya maneno. Lakini alikaa chini, akajifunika vizuri shela yake ya garbasaar, akasema, bila kumtazama mtu, kwamba yeye siku yake ya harusi alimuuma yule aliyekuwa akimsuka nywele. Alimuuma mkononi, hapa, mpaka alama za meno zikabaki. Familia ikasema ni homa.

Hakuna aliyethubutu kucheka mpaka alipocheka yeye. Kisha akaanza kutafuta kitufe cha kuwasha, hakukiona, akanipa mimi.

Kikabaki kiganja. Ramlo alikigeuza kwenye mwanga akakitazama sana, akasema maua hapa hayasimami tena. Alichofanya ni kukijaza. Alikumbuka jinsi mama zake wa Hadado walivyopakwa, wao wasiokuwa na koni wala picha za simu: duara moja lililojaa katikati ya kiganja, na ncha za vidole zimechovywa, basi. Doa lote lingezama ndani ya duara. Lakini Idman hakukubali kuipa runinga mgongo, na kiganja kilitaka mwanga wa dirisha, kwa hiyo Ramlo ilimbidi ahamishe kiti chake akae ubavuni mwa bibi harusi, uso wake ukielekea pale sote tulipokuwa tukielekea.

Anasema mwanzoni aliyashusha macho kwenye duara. Halafu yakapanda kidogo. Yule mpishi alikuwa ameponyoka, nywele zimefunguka, amebanwa kati ya jiko na sufuria ya supu. Mwanaume mwenye kovu akampiga. Ramlo aliungoja ule mlio mdogo, mkavu. Hakuusikia. Alisikia kishindo kama mlango wa chuma uliofungwa na upepo. Mwanaume mwingine akatupwa juu ya sahani, nazo zikalia kuliko yeye. Mwingine akaruka hewani kwa muda ambao mtu angeweza kumaliza kusema bismillahi. Ramlo akaungoja tena ule mlio, na tena, na kila pigo lilikuja na kishindo chake kikubwa cha kuchekesha, na mpishi akasimama.

"Ni uongo," alisema kwa sauti, kama mtu aliyeondolewa mzigo. "Huu wote ni uongo mtupu." Akatuomba turudishe nyuma kidogo, pale pa sahani.

Hakuna aliyejua lini aliibana ile koni. Filamu ilipoisha, mpishi akiwa amekaa peke yake anakunywa supu yake, ndipo tulipoona koni imepasuka mkononi mwake na hina imemwagika kwenye dera lake lote, na nyingine imetua juu ya mguu wa Fatumo. Fatumo aliitazama, akasema iachwe tu ikauke.

Harusi ilikuwa nzuri. Wanawake walicheza buraanbur, ngoma yao ya mashairi, mpaka sauti zikakauka, na wageni waliomshika Idman mkono walikigeuza kiganja chake wakauliza nani kamchora, kwa sababu bibi zao walipakwa hivyo na walikuwa hawajaona tena. Kwa msimu mzima wasichana walikuja kwa Ramlo wakitaka duara. Aliwachora bila kueleza lilitoka wapi.

Chumba nacho kikapata sheria. Dishi lilikuwa limeshatengenezwa. Asubuhi ni ya mikono, na mikono huwekewa Waturuki, na anayetaka kushauri ashauri kwa mdomo tu. Alasiri ni ya miguu, na miguu huwekewa ngumi, kwa kuwa vidole vya mguu hata vikijikunja haviharibu sana. Matokeo yake ni kwamba Garissa sasa ina wanawake wengi waliochorwa miguu kuliko mahali popote ninapopajua, na ukiwauliza watakwambia ndiyo mtindo. Ikran huja moja kwa moja kutoka ofisini. Fatumo hasemi tena kwamba amekuja kulinda.

Nilikuwa huko juzi. Filamu ilikuwa imefika pale ambapo mbaya amezingirwa juu ya daraja, hana pa kwenda, na mwema anamkaribia polepole. Stima ikapotea. Feni ikasimama, joto likatuangukia, miguu yetu yote imenyooshwa mbele, haiwezi kwenda popote. Tulimgeukia Ramlo. Yeye pekee alikuwa ameshaiona, aliijaribu na Abdikarim nyumbani kwenye simu. Tukamwambia atumalizie.

Ramlo alifikiri, koni mkononi. Akasema yule mwema alifika pale darajani, akamtazama mwenzake, akamwambia mimi na wewe tumechoka. Wakaita wazee. Wazee wakakaa, wakaamua, wakaletewa chai ya maziwa ya ngamia, na kila mtu akaenda kwao.

Chumba kizima kilikataa. Ikran alisema hiyo si filamu, huo ni mkutano wa ofisini kwao. Fatumo alisema mtu aliyechoma nyumba ya watoto yatima hawezi kupewa chai, tena ya ngamia. Tulimtaka arudi nyuma aanze tena kutoka darajani, na asiruke kitu.

Ramlo alishusha pumzi. Akauchukua mguu wangu akaendelea kuuchora, na huku akichora akatusimulia upya jinsi mwema alivyokaribia, jinsi upepo ulivyovuma, jinsi mto ulivyokuwa umejaa chini. Alipofika penyewe alisita, akatutazama kwa zamu, akaona hatuna mchezo. Basi akampa yule mbaya teke moja, la wastani, na akahakikisha maji aliyoangukia hayakuwa na mamba.